Kwa wanangu niliowafunda: mtalaka na simu yake

Wanangu,

Tangu mfungo uishe wamenijia watatu kati yenu, na jambo ni lile lile: mume mpya yumo ndani, na wa zamani bado anapiga simu. Nimeona niwajibu wote pamoja.

Mwenye mtoto na mtalaka wake simwambii akate mawasiliano. Atakataje? Mtoto ana ada, ana homa za usiku, sikukuu ataka nguo. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inambana baba amtunze mwanawe hata kama analelewa kwingine, na huwezi kumdai mtu matunzo huku umemfungia simu. Ongea naye. Ila ongea mchana, sebuleni, mumeo akisikia, na habari ya mtoto ikiisha, kata simu.

Wasio na mtoto nawauliza: mnaongea nini? "Tunajuliana hali tu, mama." Haya. Juzi mmoja wenu alikaa nami jamvini tukichambua mchele, simu kailaza kifudifudi kando ya ungo. Ikalia mara tatu, na kila mara aliniangalia mimi kwanza. Alipoigeuza nikaona jina, "Fundi Cherehani", na chini yake: "Umekula?" Nikamwuliza, fundi gani huyo? Akalia. Mwanangu, sijamwambia mtu, na hapa sikutaji.

Simlaumu, maana nilipita huko huko. Bwana wangu wa kwanza alikuwa akituma hela ya mtoto kwa bahasha, na kibarua kidogo ndani. Barua safi, hazina hata neno moja la mapenzi. Nami nikazificha chini ya godoro, naogopa mume wangu asije akaona vibaya. Siku alipozikuta hakusoma hata moja. Aliniuliza tu, "Kwa nini ziko chini ya godoro?" Nikakosa jibu. Kwa miezi mingi baada ya hapo alikula chakula changu kimya, na kimya kile bado nakikumbuka.

Basi wewe wa fundi, leo hii andika jina lake la kweli kwenye simu, umwambie mumeo kabla hajajionea mwenyewe. Kama mumeo ni mtu wa kupiga, usimwambie mkiwa wawili; njoo kwangu kwanza. Baada ya Alasiri nipo barazani kila siku.

Mama yenu, somo