Shangazi, nikubali cheo hiki?

Shangazi, shikamoo.

Mimi ni mama wa watoto wawili, mwenyeji wa Likoni, ila kazi imenileta Nairobi. Naandika tamthilia ya Kiswahili inayoonyeshwa kwenye runinga. Yule bibi mkali ambaye watazamaji wanampenda nilimuumba mimi, kabla kampuni haijatafuta mwigizaji wa kumwigiza.

Sasa kampuni inataka niwe mtayarishaji. Nitalipwa mshahara kila mwezi, ilhali leo nalipwa kwa kila kipindi na msimu ukiisha sina kitu, na karo haingoji. Isitoshe, mtayarishaji ndiye mwenye usemi. Ndiye anayeamua pesa ziende wapi na nini kikatwe mvua inaponyesha huku kamera na taa ni za kukodisha. Nimewahi kuandika harusi nzima, ikatokea skrini watu wanane wameketi sebuleni. Nautaka usemi huo, Shangazi, sikufichi.

Kinachonikwaza ni kwamba mimi ndiye nitakayewatilisha sahihi waandishi wapya, na mikataba yao naijua kwa sababu ndiyo yangu. Unalipwa mara moja, kisha hadithi, wahusika, marudio na mauzo ya intaneti vyote ni mali ya kampuni. Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001 inasema kazi ikiagizwa, hakimiliki huhesabiwa imehamia kwa aliyeiagiza, isipokuwa kuwe na makubaliano tofauti. Makubaliano hayo chipukizi atayadai vipi, naye ameambiwa wenzake wamepanga foleni nje? Hata haki ya kutajwa kuwa ndiye mwandishi, ambayo sheria hiyo hiyo inamwachia baada ya kuuza, inapotea pale majina yanapokatwa ili tangazo liingie.

Waandishi wa Hollywood waligoma mwaka 2023 kuanzia Mei hadi Septemba, na malipo ya kazi zao kuonyeshwa mitandaoni yalikuwa miongoni mwa madai makuu. Chama chao kiliwasemea wote. Hapa nilipo, kila mmoja wetu huingia ofisini peke yake.

Mume wangu ananihimiza nikubali, nibadilishe mambo nikiwa ndani. Rafiki yangu tuliyeanza naye kuandika anahofia kwamba nikishazoea mshahara nitanyamaza. Mimi nawaza kuweka sharti kabla ya kutia sahihi: mwandishi apate fungu marudio yanapouzwa, na jina lake lisikatwe. Lakini bosi akikataa, huenda hata kazi ya kuandika nikaikosa.

Na kuna jambo linalonikosesha usingizi. Binti mmoja ninayemfunza kuandika ana mswada mzuri mno, kautunga mwenyewe bila kuagizwa na mtu, kwa hiyo ni wake kabisa hadi atakapouuza. Kampuni imeusikia na inataka uwe kazi yangu ya kwanza kama mtayarishaji. Ananiamini kuliko wakili yeyote, na hana pesa za kumlipa wakili.

Wanataka jibu kabla ya mwisho wa mwezi. Je, niweke sharti sasa hivi, au niingie kwanza? Na huyu binti, nimshauri auze au aendelee kuushikilia mswada wake, ikiwa nitakaa upande ule wa meza?

Mwandishi, Nairobi