Taarifa ya Mwenyekiti: Mwaka Uliopita na Ule Mhadhara

Ndugu wanachama, salaam. Ya kawaida siyarudii maana mnayajua, vikao vinne, siku mbili za msaada wa kisheria bure, semina ya mirathi, ahsanteni mliojitolea, tusonge.

Niende kwenye mhadhara maana ndo mnalosubiri. Ndiyo, ni mimi niliyeleta wazo la kumwalika yule mhadhiri wa sheria anayeandika mambo ya uzazi na familia. Mnasema niliamua peke yangu. Jamani, kikao niliitisha mara mbili, akidi haikutimia, mara ya pili tulikuwa sita na mmoja alikuja kuuliza tu kuhusu fulana, sasa ningefanyaje? Katiba ya chama chetu inaruhusu mwenyekiti na mhazini kuamua.

Kuna waliosambaza kwamba nimeleta mtu wa kufundisha kutoa mimba, na wote hao hawakuwepo. Kwenye kutoa mimba alikaa dakika kumi hivi tu, akasoma sheria ilivyo: Kanuni ya Adhabu ya Tanzania vifungu vya 150 mpaka 152 vinakataza, cha 230 kinamkinga anayefanya upasuaji kwa nia njema kuokoa maisha ya mama, halafu Itifaki ya Maputo ya 2003, ule mkataba wa Afrika wa haki za wanawake, ibara ya 14 inaongeza ruhusa kwa aliyebakwa na aliyepewa mimba na maharimu, yaani ndugu wa karibu. Kusoma sheria kumekuwa dhambi lini?

Sehemu kubwa ya kazi yake ni Sheria ya Ndoa ya 1971. Anasema binti wa miaka 15 akishaozwa kwa kifungu cha 13, na ridhaa ya baba kwa kifungu cha 17, suala la lini azae limeshaamuliwa na wengine, ndo maana ile kesi ya Rebeca Gyumi aliyevipinga vifungu hivyo akashinda (Mahakama Kuu 2016, Rufani 2019) yeye anaisoma kama kesi ya uzazi, sio ya ndoa tu. Halafu akaja na kesi ya Bi Hawa Mohamed ya 1983, ile iliyosema kazi za nyumbani ni mchango kwenye mali ya ndoa, ingawa Bi Hawa mwenyewe hakupata kitu, akauliza, je kubeba mimba tisa nako si kazi? Kesi hiyo nimeisoma miaka na miaka sikuwahi kuiwaza hivyo, na mzee mmoja pale mbele aliguna mpaka tukacheka.

Tuko 58, waliokuja 17. Wageni walituzidi! Inauma, siwezi kuficha.

Hela sasa. Ada elfu ishirini, waliolipa 21, yaani 420,000. Mhadhara ulikula 450,000 na ukumbi ndani yake, pungufu nilitoa mfukoni kwangu na sijamdai mtu, mengine yaliendeshwa na salio la mwaka juzi ambalo sasa limeisha. Na wanaolalamikia hiyo laki nne na nusu, nimeangalia daftari, wengi hawana hata shilingi yao humo.

Mwaka huu tunatarajia kwenda vijijini, Mungu akijalia, na labda kijarida, tutaona. Namba ya mhazini mnayo.