Copernicus hakuchomwa moto, naomba mrekebishe

Ndugu Mhariri,

Salaam. Naomba nafasi kidogo kwenye ukurasa wa barua kuhusu ile makala yenu ya Jumapili ya wanasayansi wa zamani, ile iliyosema Copernicus, yule mtaalamu wa nyota wa karne ya 16, alichomwa moto kwa kusema dunia inazunguka jua, na juu yake mkaweka picha ya mzee kashika darubini. Mwanangu wa darasa la sita keshaikata na kuibandika kwenye daftari lake la sayansi, ndo maana nimeona nisikae kimya.

Hakuchomwa. Alifia Frombork, kaskazini mwa Poland ya leo, tarehe 24 Mei 1543, ana miaka 70, baada ya kiharusi kilichompooza upande wa kulia. Aliyechomwa ni Giordano Bruno, mwanafalsafa wa Italia, kule Roma mwaka 1600, na kesi yake ilikuwa na mambo mengi ya imani, sio habari ya jua peke yake. Aliyefungiwa nyumbani mpaka kufa ni Galileo, mwanasayansi wa Italia, alihukumiwa 1633. Na hiyo darubini imejulikana Uholanzi 1608, miaka 65 Copernicus yuko kaburini, kwahiyo hajawahi hata kuishika.

Kwangu haya sio madogo, maana mkishamchoma moto stori yake yenyewe inapotea. Huyu alikuwa mtu wa kazi. Alifiwa na baba akiwa na miaka kama 10, akalelewa na mjomba wake ambaye baadaye akawa askofu, ndo aliyemsomesha Kraków afu Italia, sheria za kanisa na utabibu. Akarudi, akafanya kazi za kanisa miaka na miaka, kusimamia mashamba na mapato, kutibu wagonjwa, akaandika mpaka kuhusu sarafu kwamba hela mbovu inaifukuza hela nzuri sokoni. Nyota alizifanya humohumo katikati ya majukumu hayo.

Sasa kitu alichokiona. Sayari ya Mirihi ukiifuatilia usiku hadi usiku inasogea upande mmoja kati ya nyota, afu inasimama, inarudi nyuma kwa wiki kadhaa, afu inaendelea na safari. Tangu enzi za Wagiriki wa kale, na Ptolemy, mtaalamu wa nyota wa karne ya pili, dunia iliwekwa katikati na ili kueleza kule kurudi nyuma wakapachika duara dogo juu ya duara kubwa, sayari ikizunguka kwenye lile dogo. Copernicus akasema dunia nayo inalizunguka jua, na ikiipita Mirihi ndo tunaiona kama inarudi. Mwanangu nilimwambia hivi, unakumbuka tunapanda Kitonga basi letu likalipita lile lori la mbao, we uko dirishani ukasema baba lori linarudi nyuma, kumbe lori linapanda mlima kama sisi ila sisi tuna spidi zaidi? Basi ndo hivyo, dunia ni lile basi na Mirihi ni lile lori. Alinyamaza kidogo, afu akauliza, kwahiyo Mirihi hairudi kweli? Hairudi mwanangu.

Na ukishaliweka jua katikati sayari zinajipanga zenyewe, yenye mzunguko mrefu ndo iko mbali: Zohali miaka 30, Mshtarii 12, Mirihi 2, dunia mmoja, Zuhura miezi tisa, Utaridi siku 80, hivyo ndivyo alivyoandika (hasa ni siku kama 225 na 88). Mi hapo ndo huwa nasisimka kila nikisoma. Majina hayo tunayoyatumia kwenye Kiswahili yametoka Kiarabu, na Copernicus kwenye kitabu chake anamtaja mtaalamu wa nyota al-Battani kwa jina, na baadhi ya hesabu za Copernicus zinafanana sana na za wataalamu wengine wa Kiislamu wa kabla yake, Nasir al-Din al-Tusi na Ibn al-Shatir wa Damascus. Makala yenu haikuligusa hili hata kwa mstari mmoja. Haina maana alipatia kila kitu, yeye bado aling'ang'ania miduara kamili, Kepler, mtaalamu wa nyota Mjerumani, ndo alikuja kuonyesha mwaka 1609 kwamba Mirihi inazunguka kwa duaradufu, yaani duara lililobanwa kidogo.

Alichokiogopa yeye ni kudharauliwa. Kaandika mwenyewe, kwenye barua ya mwanzo wa kitabu kwa Papa Paulo wa Tatu, kwamba kazi ile ameificha mpaka imeingia kipindi cha nne cha miaka tisa tisa, yaani imeshapita miaka 27. Aliyemtoa huko ni kijana wa miaka 25, Rheticus, mwalimu wa hesabu kutoka Wittenberg, Mlutheri, aliyemfuata mtumishi huyu wa kanisa Katoliki mwaka 1539 kipindi ambacho Walutheri walikuwa hawatakiwi kule, akakaa naye kama miaka miwili mpaka mzee akakubali kitabu kichapwe. Jina la Rheticus kwenye ile barua kwa Papa halipo, na hilo linaniumiza.

Kitabu kikachapwa Nuremberg, na msimamizi wa uchapaji, Osiander, akachomeka mbele dibaji isiyo na jina ikisema mawazo haya si lazima yawe kweli, yatosha hesabu zitoke sawa. Mwenye kitabu ameshapooza hawezi kujibu. Rafiki yake Giese aliandika kwamba mzee alikiona kikiwa kamili siku ileile ya kufa kwake. Kanisa lilikuja kukizuia 1616, miaka 73 baadaye, mpaka kirekebishwe.

Kwahiyo naomba mchapishe masahihisho, ukurasa uleule na kwa ukubwa uleule, ili mwanangu naye abandike juu ya ile ya kwanza. Na picha ya darubini mtoe. Mchoreni na kifaa chake kweli, vijiti vitatu virefu vya mbao vilivyounganishwa kama pembetatu, ndivyo alivyokuwa anapimia nyota ziko juu kiasi gani.

Mzazi na msomaji wenu,
Mafinga