Mhariri, pangoni hakuna popo peke yake

Mhariri, habari za kazi. Ile makala yenu ya mapango nimeisoma yote, nikairudia nikidhani kuna mahali nimeruka, lakini wapi, ni popo mwanzo mwisho. Sina ugomvi na popo hata kidogo, ila kuandika kwamba kule ndani kabisa kwenye giza totoro hakuna kiumbe chochote, hapo mmekosea na naomba mrekebishe.

Kuna mnyoo bapa anaitwa Macrocotyla glandulosa. Ana rangi ya pinki, macho hana, hafiki hata urefu wa kidole, na anaishi kwenye kijito kinachopita ndani ya pango la Devil's Icebox, karibu na mji wa Columbia, jimbo la Missouri kule Marekani. Mwanasayansi Libbie Hyman ndiye aliyemwelezea mwaka 1956, na mpaka leo anajulikana kwenye pango hilo moja tu, yaani dunia nzima ni hapo basi!

Najua mtu akisikia mnyoo anawaza dawa ya minyoo. Huyu haingii tumboni kwa mtu, anajitegemea, anatambaa chini ya mawe na kuwinda vijidudu vya majini. Mimi hawa wa pangoni sijawahi kuwashika lakini ndugu zao wa nje, planaria wa kawaida, nimewaangalia sana kwenye glasi ya maji. Ukimmulika na tochi anageuza kichwa na kukimbilia gizani, ukimwekea kipande kidogo cha ini anakuja taratibu kama anayeteleza, anakipanda, halafu mdomo wake hauko kichwani jamani, uko katikati ya tumbo, anatoa kimrija cheupe hapo na kuanza kufyonza, na mabaki baadaye yanatokea hapohapo kwa sababu tundu lingine hana. Nilikaa pale mpaka nikasahau chai yangu. Sasa huyo ndugu yake aliyezoea giza, macho ya nini? Anapapasa na kunusa maji, na mbele ya kichwa ana sehemu ya kunatia, hata hilo jina Macrocotyla limetokana na hiyo.

Kinachoniuma ni hiki. Pango liko ndani ya hifadhi ya jimbo, Rock Bridge Memorial, kwa hiyo mtu anasema aah huyo yuko salama, lakini maji ya pangoni hayaanzii hifadhini. Ardhi ya kule ni ya mawe ya chokaa, imetoboka toboka, ina mashimo yaliyotitia na vijito vinavyozama ardhini, mvua ikinyesha kwenye mashamba na makazi yaliyo nje ya mpaka wa hifadhi maji yanadumbukia moja kwa moja bila kuchujwa na udongo kama tunavyodhani. Yanashuka na mbolea, dawa za shambani, maji ya vyoo kama tangi linavuja, na tope kila panapochimbwa kujenga. Tope ndilo naliogopa zaidi maana linaziba zile nafasi chini ya mawe ambako mnyoo anajificha na anakowinda, tena huyu hana mapafu wala matamvua, anapumua kwa ngozi yake yote, kwa hiyo kilichomo kwenye maji kinamgusa mwili mzima. Na hawezi kuhama, atahamia wapi?

Ndiyo maana geti na walinzi mlangoni mwa pango havitoshi. Kumlinda mnyoo huyu ni kumwambia mwenye shamba aache ukanda wa nyasi na miti kuzunguka lile shimo lake lililotitia, asilifanye jalala, na mwenye nyumba akague tangi lake la choo, na anayejenga azuie tope kabla mvua haijaanza. Hao wote wanaweza wasiingie pangoni maisha yao yote, lakini wao ndio wanaoshika maji yake.

Tena hata hao popo wenu wanahusika, kinyesi chao kikianguka majini kinalisha vijidudu, na vijidudu ndiyo chakula cha mnyoo. Mngeendelea na stori hatua moja tu mngemkuta!

Naomba toleo lijalo mtoe japo nusu ukurasa, na mchoro wa maji yanavyotoka shambani mpaka pangoni, hilo ndilo watu wengi hawajawahi kulionyeshwa.

Msomaji wenu wa siku nyingi