Mwanangu, makopo bado yako chini ya kitanda

Mama, habari za huko Dar. Sisi huku Igoma, Mwanza, wazima, mvua tu ndo imegoma kuisha. Juzi shangazi yako kapita akauliza tena, eti mtoto kasoma miaka yote hiyo akatunze mikanda ya sinema ya zamani? Nikamwambia ndiyo, tukakaa mpaka jioni namweleza, nikaona bora na wewe nikuandikie maana kuna kitu sijawahi kukwambia.

Unajua nilikuwa naendesha projekta kwenye gari la sinema, tunazunguka Misungwi, Sengerema, tunavuka mpaka Ukerewe, tunafunga shuka jeupe, janereta tunaiweka mbali isimeze sauti, watu wanajaa mpaka nyuma ya shuka. Sasa ofisi ilipofungwa nikakuta mikanda inatupwa shimoni ichomwe. Niliwahi makopo saba tu, nikayafunga kwenye keria ya baiskeli. Ule wa wakulima wanapima pamba uliungua naangalia, na mpaka leo unaniuma.

Wiki iliyopita nimefungua kopo la tatu, harufu ya siki ikanipanda puani mpaka machozi. Mkanda umejikunja kingo, mgumu kama ganda. Ndo yale uliyonieleza kwenye simu, asetati, ile plastiki ya mkanda, ikianza kuoza inatoa asidi na asidi yenyewe inazidi kuiozesha, na kwa joto letu na unyevu huu wa ziwa ndo kabisa. Nimelitenga, mengine yasiambukizwe. Na sikuuweka kwenye mashine mama, japo mkono uliniwasha, maana umesinyaa, matundu hayakai tena kwenye meno, ungechanika wote. Moto usiwaze, hizi ni za upana wa milimita 16, za asetati, ile inayowaka hata ndani ya maji ni mikanda ya nitrati, na ilishaacha kutengenezwa miaka ya 50 mwanzoni.

Shangazi nilimpa mfano wa Metropolis, ile sinema ya Mjerumani Fritz Lang, ya 1927. Waliikatakata, vipande vikahesabika vimepotea, halafu 2008 ikaonekana nakala kwenye makumbusho ya sinema Buenos Aires, kule Argentina, nayo milimita 16 kama hizi zetu, imejaa mikwaruzo lakini ndani kuna kama dakika 25 zilizokuwa hazipo kokote. Yaani mtu aliweka kopo, akaja mwingine akaweka, basi. Shangazi kanyamaza muda, kisha kaniomba nimwonyeshe makopo yalipo.

Kwahiyo ukija Desemba njoo na yale makopo ya plastiki yenye tundu za hewa, na vile vikaratasi vya kupimia asidi vinavyobadilika rangi. Usiniambie niyatume kwa basi, kule kwenye buti joto litayamaliza.

Kopo la tano lebo imebanduka. Nahisi ni Mwaloni, soko la samaki pale Kirumba, enzi za mitumbwi ya tanga, ila sitaligusa mpaka uwe umekaa hapa pembeni yangu.

Baba yako