Barua ya wazi kwa Kamishna wa Mazingira wa Umoja wa Ulaya: lile tangazo la ngozi za sili liko wapi?

Mheshimiwa Kamishna,

Salamu kwa heshima zote. Nakuandikia kwa Kiswahili kwa kuwa barua zangu za Kidenishi hazikujibiwa. Huenda hii ikabahatika, wakalimani hamkosi.

Jumamosi iliyopita, kwenye soko la wikendi hapa Copenhagen, msimamizi aliniamuru nifungashe glovu zangu za ngozi ya sili, yule mnyama wa bahari za baridi, mbele ya wateja. "Ulaya imepiga marufuku." Nikamtolea cheti kwamba ngozi imetoka kwa wawindaji wa Kiinuit, wenyeji wa asili wa Greenland. Hakukigusa. Mama mmoja akanipiga picha kama mwizi wa kuku.

Mheshimiwa, sheria ni yenu. Mwaka 2009 mlipofunga soko la sili, Wainuit mliwaruhusu. Mwaka 2015 mkairekebisha, mkajitwika kazi ya kuwaarifu wananchi na maofisa wa forodha kwamba bidhaa hizo ni halali. Msimamizi wangu hajaarifiwa. Au mlitangaza usiku tumelala?

Shemeji yangu huko Greenland hawindi kwa ajili ya mikoba ya matajiri. Sili akipatikana, nyama inaliwa: supu ya suaasat, yenye mchele na vitunguu, hata mimi wa Tanga nimeizoea (ndimu natia kwa siri). Mama mkwe anakwangua mafuta ya ngozi kwa ulu, kisu cha nusu mwezi, anaiwamba ikauke, ndipo iende kiwanda cha ngozi kwenye mji wa Qaqortoq. Fedha ya ngozi ndiyo petroli ya boti. Isipouzwa, boti inakaa nchi kavu, na watu wa pwani wananunua nyama iliyosafiri kwa meli.

Vile vitoto vyeupe vya sili, vilivyouawa na kuwaliza watu miaka ya 1970, vilikuwa vya Kanada, kwenye uwindaji wa biashara. Mlipozuia ngozi za vitoto hivyo mwaka 1983, bei ya ngozi za sili wakubwa wa Wainuit ikaporomoka nayo. Sijui kwa nini mko kimya hadi leo. Nadhani mnawaogopa wenye mabango. Na Greenland, iliyojitoa kwenu 1985, haina kura ya kuwatisha.

Mimi nina kodi ya nyumba, cherehani ya mkopo, na boksi la glovu chini ya kitanda. Siombi ruzuku. Hata marufuku yenu siombi iondoke. Naomba tangazo mliloahidi. Ukurasa mmoja tu, wenye mhuri wenu, niubandike mezani. Tangazo, Mheshimiwa.

Wako mtiifu, kwa sasa,
Mshona glovu, Copenhagen