Mjadala wa Jumamosi: stesheni ya Surbiton

Habari zenu wanakikundi. Jumamosi tunajadili Surbiton, pembezoni mwa London. Reli ilifika mwaka 1838 ikaupita mbali mji wa Kingston, ambako mradi ulipingwa, na kitongoji kizima kikachipuka kando ya stesheni. Kingston wenyewe walipata treni mwaka 1863, nadhani walishajuta!

Jengo la sasa, la zege lenye mnara wa saa, lilisanifiwa na James Robb Scott wa kampuni ya reli ya Southern Railway, likakamilika mwaka 1937. Sasa linalindwa kisheria, na hapo ndipo nataka tubishane: stesheni ya namna hiyo inaboreshwaje, tuseme kwa lifti, bila kuharibiwa sura?

Mwenye picha za zamani azitume humu kabla ya Ijumaa. Ujumbe wa sauti uwe mfupi, tafadhali.